Bata wa Asali

Nyinyi munaojua maringo yangu ya jikoni, leo muyacheke mushibe!

Wifi yangu Neema alishuka Kalundu kutoka Kigoma, boti imemutikisa mpaka hataki chakula. Nikamuuliza moyo wake unatamani nini.

"Kile cha kuoka cha mama," akasema. "Bata mzinga wa kusaga chini, viazi vya kuponda juu."

"Hiyo tu? Minye najua!" nikajibu, na sikujua hata kidogo.

Bata namujua. Mzinga ni wa nyuki. Basi ni bata wa asali! Nikapanda pikipiki mbio mpaka sokoni, nikapata bata mnene na asali ya Mulenge, nikaalika wamama wa korali waje kujifunza. Nyumbani nikamfukuza dindo wetu, lile ndege dume kubwa lenye shingo nyekundu ya kuning'inia, aliyekuwa anamkimbiza Neema uani. Nikasaga nyama, nikamwaga asali, nikafunika kwa viazi, nikapeleka kwenye furu ya jirani muoka mikate. Ikarudi inanukia mtaa mzima! Wamama wakapiga vigelegele, na minye nikawaeleza namna nyuki wanavyolainisha nyama.

Neema akaonja, akatafuna polepole.

"Wifi, mbona tamu kama keki? Huyu ni bata mzinga kweli?"

"Iko yeye mwenyewe! Weye kula."

Hapo dindo akaingia mlangoni, amevimba, analia gulu-gulu. Neema akamnyooshea kijiko.

"Wifi! Bata mzinga si ndiye huyo?"

Wamama wote wakamgeukia dindo. Halafu wakanigeukia minye.