Mama Hakukimbia

Niliporudi Chara baada ya miaka sita ya kuhangaika mijini, Mama alikuwa uani akipeta mpunga. Aliniona tangu nikiwa mbali, hakusimama. Alimaliza ungo ule, akanichotea maji, akauliza kama barabara ya Garsen inapitika. Mkono ulionipa kikombe ulikuwa ukitetemeka.

Kosa langu lilikuwa kumsimulia mwongozaji wa filamu. Alikuja kutoka Nairobi na kofia pana na mtu wa kumbebea kiti, tukakutana Garsen nikingoja basi. Akasema hiyo ndiyo filamu yenyewe, na Mama ataigiza nafasi yake mwenyewe. Mimi nilitaka kitu kimoja tu: ule mkono uonekane.

Siku ya kupiga picha mwongozaji alimwita Mama "shosho", yaani bibi kwa lugha ya Nairobi, akamtazama mara moja anavyompokea kijana aliyeigiza nafasi yangu, akatikisa kichwa.

"Hakuna hisia hapa."

Mama akawekwa kando. Leso yake akavishwa mwigizaji msichana aliyepakwa mvi, akaambiwa atupe ungo, akimbie, amwangukie mwanawe shingoni. Kisha ikaja zamu ya kamera. Ilikuwa ubavuni, mahali ambapo hata mtoto angeuona mkono. Bwana yule akaihamisha ili mto uonekane kwa nyuma, akamgeuza mwigizaji auelekee upepo. Mama alimwonya bwana huyo kwamba makapi yatamrudia msichana. Akajibiwa, kwa adabu ya watu wenye haraka, kwamba jua liko sawa.

Makapi yakamrudia. Macho yakajaa, machozi yakatiririka, akakimbia nusu kipofu, nusura ampite huyo mwanawe. Mwongozaji akapiga makofi. Hayo, alisema, ndiyo machozi ya mama.

Naambiwa ukumbini Nairobi watu walilia. Walilia makapi.

Nilimwonyesha Mama filamu hiyo kwenye simu, nikitarajia tucheke pamoja. Mkono hauonekani kabisa, umefichwa na mgongo wa mwana. Mama alitazama mpaka mwisho, akasema mwanamke yule amemwaga mpunga wa watu bure. Kisha akaifuta simu kwa pindo la leso kabla ya kunirudishia.

"Kwani na wewe, baba, siku ile ulitaka nikimbie?"

Nikasema hapana, kwa haraka iliyomfanya anitazame.