Salamu ya Kifundo cha Mkono

Miaka ile ya ruksa, biashara zilipoachiwa huria, kila mwenye nyumba yenye vyumba vingi Arusha aliweza kubandika kibao na kuiita chuo. Binti aliyepanga chumba kwangu Kijenge alisomea uhazili katika chuo cha namna hiyo. Kila jioni aliniamkia, "Shikamoo mama," lakini badala ya kiganja alinipa kifundo cha mkono, kama mtu aliyekatizwa kufua. Mikono yenyewe ilikuwa mikavu.

Jioni moja nikaishika, nikaigeuza. Viganja vilikuwa vimechanwachanwa na miiba, na vidole vimevimba hata havikunjiki.

"Ni fildi, mama, mafunzo ya vitendo," akasema.

Fildi gani ya kuchapa barua inayofanyika kwenye miiba? Kumbe mkuu wa chuo alikuwa na shamba la waridi za kupeleka Ulaya, na mwanafunzi aliyekataa kuvuna hakuruhusiwa kufanya mtihani.

Nilimsafisha vidonda. Nikamwambia kule harudi tena peke yake. Asubuhi tukaongozana hadi ofisini, kwa maana nilitaka yule bwana aione mikono ile, ashtuke, aone haya.

Mimi alinisalimu kwa kiganja, laini kama cha kichanga. Kisha akamnyooshea binti mkono. Binti akampa kifundo. Bwana yule akakishika, akakitikisa, akaendelea kuongea.

Hakuuliza kitu. Chuo kizima kilikuwa kinamsalimu hivyo, naye alikwishazoea.