Migomba ya Melania

Mamlaka inayohusika imetangaza, kwa karatasi yenye mhuri iliyobandikwa mlangoni mwa ofisi ya kijiji cha Lukonde, kwamba ndege aitwaye chozi wa milima hii hula maua ya msitu wa asili peke yake. Kwa hiyo migomba yote iliyo juu ya mpaka mpya wa msitu itafyekwa, msitu uote tena, ndege arudi kwao.

Migomba hiyo ilikuwa ya Melania Mkude. Aliachiwa na mama yake, aliyeachiwa na mama yake, kama ardhi ya Waluguru inavyopita. Kila asubuhi chozi huning'inia humo vichwa chini, midomo imezama kwenye maua ya ndizi. Melania akaenda kwenye mkutano wa kijiji kulisema hilo. Bahati mbaya, ofisa aliyetumwa, Bwana Lugwisha, alikuwa Msukuma, yaani mtani wa kabila lake.

"Bwana Lugwisha, hao chozi wanakula kwangu. Twende ukaone."

"Mwoneni Mluguru!" Lugwisha akawageukia watu. "Ndizi anazitaka yeye, anamsingizia ndege!"

Mkutano ukaangua kicheko.

"Sitanii, baba."

"Mtani gani akakiri kwamba anatania?"

Melania akamwita mwizi, watu wakampigia makofi. Akamwambia amezaliwa zizini, ndege pekee anayemjua ni yule anayedonoa kupe mgongoni mwa ng'ombe. Lugwisha akajishika mbavu, akasema tangu ahamie huku hajapata mtani mtamu namna hii. Kadiri Melania alivyozidi kukasirika, ndivyo watu walivyozidi kumsifu.

Akamgeukia mjomba wake, Mzee Kobelo, msemaji wa ukoo. "Mjomba, sema basi!"

"Niseme nini, mpwa wangu? Mtani hashitakiwi. Nikinuna, watanitoza kuku."

"Shamba linakwenda, wewe unawaza kuku?"

"Kuku wangu mwenyewe anataga," alisema mzee, na hata hapo wakacheka.

Katibu akaandika kwamba wananchi walilipokea tamko kwa furaha.

Migomba ikafyekwa Jumatatu. Jioni Lugwisha alimpelekea Melania mkungu mmoja wa ndizi, akadai ujira wa kuubeba. Melania akaupokea, akamfungia mlango. Lugwisha akawaambia wenzake kwamba huo nao ni utani wa hali ya juu.

Chozi walizungukazunguka kwenye visiki, kisha wakahamia kwenye migomba iliyo nyuma ya choo cha ofisi ya kijiji.