Nusu ya Pili ya Wimbo wa Baba

Huku kwetu Kituntu, ukitaja enanga, ule ubao wa nyuzi unaolazwa mapajani, watu wanamtaja baba. Karagwe yote walikuwa wanamjua, na Kyerwa pia. Mimi niliishia darasa la saba na sina hakika kama ninafaa kumwandika, ila haya niliyaona mwenyewe.

Mwaka jana, baba akiwa ameshafariki, watu wa redio waliomba kurekodi wimbo wake mkubwa, ule wa mwanamke anayerudi kwao na jembe begani. Kaka anapiga, mimi naimba. Shida ni kwamba tuliujua nusu tu. Nusu ya pili, ya kufika nyumbani, baba aliondoka nayo. Tena haikuwa yake: aliitunga Mrundi aliyekuwa akitulimia kahawa. Baba mwenyewe aliniambia hivyo tukimenya ndizi.

Kaka hakutaka nilitaje hilo. Nisimwonee, yeye ndiye aliyemuuguza baba hadi mwisho, mimi nikiwa kwa mume.

"Ukianza kugawa," alisema, "watauliza na zile nyingine ni za nani."

Pengine alikuwa sahihi. Lakini kumwacha yule mwanamke wa wimboni njiani sikuweza, nikapanda bodaboda hadi Songambele, anakoishi mjane wa yule Mrundi. Nilimkuta akichambua maharage. Nikamwamkia, nikamweleza kilichonileta, na kwamba kaka hataki mumewe atajwe.

"Baba yako alisifiwa kwa wimbo huo miaka yote," alisema. "Mume wangu nilimsifu mimi tu."

Nikakubali ni kweli, nikasema redioni nitamtaja.

"Mbele ya kaka yako?"

"Mbele yake, mama."

Akasogeza ungo pembeni, akaimba. Alinirudisha mwanzo mara nyingi, akisema naimba kama mtu anayefukuza kuku. Nyumbani nikamwimbia kaka hadi akaipata kwenye nyuzi.

Siku ya kurekodi alikuja kwetu mwenyewe, kavaa kitenge kipya. Mtangazaji akauliza wimbo ni wa nani. Nikasema: nusu ni ya baba, nusu ni ya mume wa mama huyu. Kaka akainamia nyuzi, hakuniangalia. Akapiga. Kwenye nusu ya pili mjane akanipokea, sauti yake ikapanda juu ya yangu, na majirani waliojaa uani wakapiga makofi bila kuombwa. Kaka akateleza kidogo.

"Rudia hapo, mwanangu," mjane akamwambia. "Baba yako hapo hakuwa anakosea."

Kaka akacheka, akarudia, ikakaa sawa.

Wimbo ulirushwa Jumapili. Kufikia katikati ya wiki, madukani Bugene walikuwa wanauimba mzima, wakiwataja watunzi wote wawili, na jina la baba sikuona limepungua popote. Kisha mtu wa Kyerwa akapiga simu kutualika harusini. Kaka ndiye aliyepokea.

"Tunakuja watatu," alimwambia. "Na mama wa Songambele mtamwekea kiti mbele."