Tume ya Uchaguzi ya Jikoni

Asubuhi hiyo nilitoka Perry Barr, mtaa wa Birmingham, Uingereza, na begi moja, bila kujua ninakwenda wapi. Kijana wa kwetu Tanga aliyenipa kochi lake alikuwa amepata mchumba, na mchumba alikuwa na la kusema kuhusu kochi. Sikusubiri nifukuzwe. Kuondoka mapema ndiyo tabia yangu tangu kidato cha pili, nilipoacha shule kwa sababu nilitaka kujua barabara iliyopita nyuma ya darasa inaishia wapi. Iliishia kwenye machimbo ya kokoto, lakini kurudi niliona aibu.

Nilipanda basi lililokuja kwanza. Mvua ilipoanza nikashuka, nikajikuta Saltley, na kwenye barabara ya Alum Rock nikajibanza ndani ya duka la mboga. Mbele ya bamia alisimama mama mmoja mwenye sare ya unesi, anabishana na simu kwa Kiswahili cha Kenya.

"Mama, usimpe huyo kura. Atakuletea leso, halafu utamwona tena baada ya miaka mitano. Seneti inataka mtu amesoma." Akasikiliza. "Ati leso imeshafika? Na umeichukua?"

Siku hizo Kenya ilikuwa inawaka. Kila nikifungua simu niliona vijana barabarani, moshi wa mabomu ya machozi, maduka yamefungwa mchana. Katikati ya moshi huo watu walitakiwa wapange foleni wachague maseneta. Mimi hata seneta ni mtu wa namna gani sikujua, na jambo nisilolijua huniwasha kama upupu.

"Shikamoo, mama," nilisema alipokata simu.

Alinitazama kuanzia viatu kwenda juu. "Marahaba. Wewe ni Mtanzania. Kwetu mtu akiniamkia hivyo najua anataka kitu."

"Nataka chumba."

"Kiko kimoja, Stechford. Lakini lazima shemeji yangu akubali. Tumekodi nyumba pamoja, na hatuongei."

"Mmegombana?"

"Kuna uchaguzi," alijibu, kana kwamba ameniambia kuna mafua.

Njiani alinieleza. Mume wake anafanya kazi Aberdeen, mbali huko Uskoti, huja mara mojamoja. Hapa anaishi na mdogo wa mume, dereva wa gari la kusambaza vifurushi. Nesi anamtaka mgombea mwanasheria. Shemeji anamtaka mgombea mwingine, mfanyabiashara wa ukoo wao, yule wa leso, ambazo kwetu ni khanga. Nikamuuliza watapigia kura wapi, hapa au London. Akasema hawapigi. Mkenya aliye ng'ambo huruhusiwa kumchagua rais tu, seneta huchaguliwa na walioko nyumbani. Kwa hiyo nyumba nzima ya Stechford ilikuwa na kura moja, ya mama mkwe wake kijijini, na ofisi mbili za kampeni.

Shemeji tulimkuta jikoni, anakaanga mayai upande wake wa jiko. Friji lilikuwa na utepe katikati ya kila rafu. Nesi alibaki mlangoni.

"Mwambie shemeji kuna mgeni wa chumba," aliniambia.

Nikamwambia, ingawa mgeni mwenyewe nilikuwa mimi na shemeji alikuwa karibu kiasi cha mafuta yake kunirukia.

"Mwambie shemeji nimemwona," alijibu kwa adabu. "Mwulize pia kama amemtoa kwa mwanasheria."

"Mwambie nimemtoa kwa bamia."

Nikaelewa kwa nini chumba kilikuwa wazi. Mpangaji aliyenitangulia, nilikuja kuambiwa, Mganda mmoja mpole, alibeba maneno kama hayo kutoka jikoni mpaka sebuleni, hadi siku moja akabeba na nguo zake.

"Sasa, bro," shemeji alisema, "wewe unasimama wapi?"

Nje mvua ilikuwa inapiga dirisha. Nikimtaja mmoja, mwingine angeninyima chumba. Nikasema ukweli, kwa kuwa sikuwa na kingine.

"Kwetu Tanzania hakuna seneti."

Shemeji aliacha kugeuza mayai. "Hakuna hata kidogo?"

"Hakuna."

"Na mnaishije?" aliuliza nesi kutoka mlangoni.

"Tuna wabunge. Wanatutosha. Hebu niambieni, seneta hufanya nini?"

"Analinda kaunti," alisema nesi.

"Analinda pesa za kaunti," alisema shemeji.

"Huyu wa sasa amelinda nini?" nikauliza.

"Alileta ambulensi," shemeji alisema.

"Hiyo ni ya gavana, shemeji. Na haina magurudumu."

"Basi yale matangi ya maji?"

"Ya mbunge."

Wakafikiri pamoja, kwa bidii, kama watu waliopoteza ufunguo mmoja. Hawakupata kitu. Lakini tayari walikuwa wanaongea bila mimi, na nesi alikuwa ameingia jikoni bila kujua.

Simu ya shemeji ikalia. Alikuwa mama yake, mwenye kura. Akaweka spika. Bibi alisema soko limefungwa, amerudi na ndizi zake macho yakimwasha kwa moshi, na kama hali ni hii siku ya kura yeye atabaki shambani.

"Mama, na ahadi yako?" walisema wote wawili, kisha wakatazamana.

"Nilimwahidi kila mmoja ili nipumzike," bibi alisema. Nikakohoa kuficha kicheko. "Kwani huyo anayekohoa ni nani?"

"Mtanzania. Anatafuta chumba," alisema nesi.

"Amekula?"

Shemeji akageukia mayai, yalikuwa yanaungua.

"Mtu ameingia nyumbani kwangu mnamwuliza siasa kabla ya chakula?" Nyumba ya Birmingham kumbe nayo ilikuwa yake. "Mpeni chumba. Na nikipiga simu ashike yeye. Nyinyi mmenichosha."

Basi nikapata chumba, pamoja na kazi ya tume ya uchaguzi: kushika simu ya bibi na kuhakikisha hakuna anayeongea zaidi ya mwenzake. Shemeji alinipa mayai, nesi akanipa wali na bamia. Nilikula vyote kwa kiasi sawa, macho ya pande zote mbili yakiwa kwenye sahani.

Chumba kilikuwa kidogo, dirisha linatazama reli. Shemeji aliniletea blanketi. "Kumbuka nani amekupa joto," alisema. Baada yake akaja nesi na mto. "Kumbuka nani ameshika kichwa chako."

Sikuwa na kura Kenya, wala Uingereza, wala kwetu sikumbuki nilijiandikisha lini, lakini nilikuwa nimeshahongwa na kambi zote mbili. Nikajilaza kujaribu. Blanketi lilikuwa zuri kuliko mto, kwa mbali sana. Matokeo hayo sikuyatangaza.