Mama Povu na Madoa Mekundu

Mwanamke huyu alikuwa na majina matatu kwenye kitambulisho, lakini katika maabara ile ya mimea hakuna aliyeyatumia. Aliitwa Mama Povu. Msije mkadhani ni jina la dharau, alilitolea jasho.

Aliingia pale kama mwosha vyombo. Vyombo vyenyewe si masufuria, ni neli, chupa na faneli za kioo, vitu vinavyovunjika ukivitazama kwa hasira. Enzi hizo wanafunzi walikuwa wakitafuta saponini, zile kemikali za mimea zinazotoa povu mithili ya sabuni. Unasaga jani, unalitikisa na maji ndani ya neli, kisha unaisimamisha mezani. Povu likikaa robo saa bila kuzama, andika kwamba saponini ipo. Basi mwaka ule kila kitu kilikuwa na saponini. Majani, magome, mizizi, hata kipande cha karatasi ya kuchujia alichokitikisa mwanafunzi mmoja kwa utani kikatoa povu la kutosha kunyolea ndevu. Profesa wa zamani alikuwa karibu kuitangazia dunia maajabu.

Mwosha vyombo, mwenye wiki tatu tu kazini, akatoa neli tupu kabatini, akatia maji matupu, akatikisa mbele ya profesa. Povu likapanda mpaka mdomoni mwa neli.

"Hiyo si saponini, profesa," akasema. "Hiyo ni sabuni. Waliokuwa hapa kabla yangu hawakuwa wakisuuza."

Kazi ya miezi minne ikaenda na maji. Profesa alicheka mpaka akavua miwani, na tangu siku hiyo haikutumika neli yoyote kabla Mama Povu hajaisuuza mara saba. Mwaka uliofuata akampa koti jeupe, kiti mezani na daftari lake mwenyewe.

Shule aliishia darasa la saba. Yale majina ya kitaalamu, yanayowatoa jasho wanafunzi wa mwaka wa kwanza, aliyashika kwa njia yake: aliyapanga kiukoo. Steroidi, alisema, ni ukoo mkubwa, na utawajua watu wake kwa pete nne za kaboni zilizoshikana bega kwa bega. Umezaa kwa wanyama, umezaa na kwa mimea. Steroli ni wale wa nyumbani kabisa, hakuna mmea usio nao. Saponini za steroidi ni ndugu zao waliobebeshwa sukari. Ukimchemsha mmoja wao na asidi, sukari inadondoka, na anayebaki huitwa genini.

"Kwa hiyo ukikutana na genini, jua huyo ameshatuliwa mzigo," aliwaambia wanafunzi. "Usimtafutie sukari, utaumbuka."

Miaka ishirini na mitatu aliifanya kazi hiyo, na aliifanya vizuri, na alijua kwamba anaifanya vizuri. Kuna watu wanaona haya kujua hivyo. Yeye hakuwa mmoja wao.

Profesa alipostaafu akaja mkuu mpya wa maabara, daktari wa kike mwenye akili kali kama wembe, ambaye Mama Povu angeweza kumzaa. Wiki ya pili akabandika tangazo mlangoni: kuanzia tarehe mosi, asiye na cheti cha fani hatashika kemikali. Hakutaja jina la mtu. Hakukuwa na haja, maana asiye na cheti alikuwa mmoja tu. Mama Povu alilisoma mpaka nukta ya mwisho, akaenda kumalizia kazi yake. Kurudi kwenye sinki hakukumwogopesha, kwani sinki ndilo lililomlea. Kilichomuuma ni kurudishwa.

Siku kumi kabla ya tarehe hiyo alipewa kazi ya kuandika lebo za chupa. Mkuu alikuwa akichunguza kiazi pori kimoja, na Ijumaa angesoma ripoti yake mbele ya jopo la wataalamu kutoka nje. Lebo zilisema: kiazi kibichi, saponini kuu, spirostanoli. Kalamu ya Mama Povu ikasimama. Akafungua daftari lake la miaka kumi na moja nyuma. Kiazi kilekile, mwandiko wake mwenyewe: madoa mekundu, furostanoli.

Hao wawili ni ndugu wa tumbo moja. Tofauti yao iko kwenye pete ya mwisho. Ya furostanoli iko wazi, na pale penye uwazi imening'inia sukari. Ya spirostanoli imefungwa. Ila kiazi kina vimeng'enya vyake, na ukikikata tu vinaanza kazi. Vinaibandua ile sukari, na pete inajifunga yenyewe. Ndiyo maana Mama Povu hakukata kiazi bila chungu cha alkoholi inayochemka kuwa chini ya kisu. Kipande kilitoka kisuni kikaingia kwenye alkoholi ile, vimeng'enya vikafa bila kupata nafasi hata ya kuvuta pumzi.

Akamwendea mwanafunzi aliyeandaa sampuli. "Hiki kiazi mlikikata lini?"

"Ijumaa, mama. Tukakiacha kwenye beseni, tukaja kukichemsha Jumatatu."

Siku tatu ndani ya beseni! Mama Povu akarudi kuandika lebo.

Jioni alimweleza binti yake, mwalimu wa kemia wa sekondari, aliyejifunzia hesabu za utotoni juu ya ndoo iliyopinduliwa kando ya sinki lile.

"Mwache aumbuke Ijumaa, mama," binti akasema, akimenya kitunguu kwa hasira. "Si ana vyeti? Vimsaidie."

Nisiwafiche: wazo hilo lilimpendeza. Alikaa nalo kitambo, akilifyonza kama pipi, akimwona mkuu akitafuta pa kuficha uso. Kisha likamchachukia mdomoni.

"Mwanangu, ripoti ikitoka na uongo, huo uongo umetoka maabara yangu. Zile neli nimezisuuza mimi."

"Maabara yako? Wenyewe wanakutoa!"

"Wanitoe, ila waikute safi."

Jumatano asubuhi akapiga moyo konde, akabisha hodi ofisini kwa mkuu akiwa na daftari kwapani. Mkuu alimsikiliza akiwa amesimama.

"Mama, mashine imesoma mara tatu."

"Mashine haijakosea, daktari. Imesoma ulichoipa. Umeipa kiazi kilicholala siku tatu, nayo imekueleza habari za kiazi kilicholala siku tatu."

Mkuu akakunja uso. "Na kama ni wewe uliyekosea?"

"Koti hili nitalivua kesho hiyohiyo. Sitasubiri tarehe mosi."

Wakachukua kiazi kimoja, kimechimbwa asubuhi hiyo, kikiwa bado na udongo. Mama Povu akakigawa katikati. Nusu ya kwanza akaikata juu ya chungu kinachochemka, vipande vikidondoka kimoja baada ya kingine. Nusu ya pili akaikuna, akailowesha, akaifunika bakulini mahali penye joto mpaka kesho yake. Hata hivyo hakuwa na uhakika wote, kwa sababu miaka kumi na moja ni mingi, na hata daftari huandikwa na binadamu.

Alhamisi akaidondoshea sahani ya kioo iliyopakwa unga mweupe matone mawili, la kiazi kilichochemshwa papo hapo na la kiazi kilicholala. Akaisimamisha kwenye kimiminika chake mpaka kikapanda, akaikausha, akaipulizia dawa inayomtambua furostanoli kwa kumgeuza mwekundu, akaiweka juu ya joto. Maabara nzima ilikuwa imeacha kazi zake. Dakika moja, hamna kitu. Ya pili, hamna kitu. Mkuu akaitazama saa yake.

Kisha upande wa kushoto, upande wa kiazi kilichochemshwa papo hapo, doa likaanza kuona haya. Likawa pinki, likawa jekundu, na chini yake likatokea lingine, jekundu kushinda la kwanza. Upande wa kulia ukabaki mweupe.

Mkuu akavuta stuli, akaketi. Ukubwa ni jaa, na siku hiyo jaa lilijaa.

"Nimekata kiazi kama mtu anayepika," akasema taratibu. "Kesho ningesema uongo mbele ya watu, tena kwa kujiamini."

Akainuka, akaenda mlangoni, akalibandua tangazo. Gundi ikaacha alama nne kwenye rangi.

"Kama ni huruma, libandike tena," Mama Povu akasema.

"Si huruma, mama. Wewe ndiye hazina ya—"

"Usinivishe kilemba cha ukoka, daktari. Nionyeshe pa kusaini."

Mkuu akacheka, kwa mara ya kwanza tangu afike pale. Akafungua daftari kuu la maabara, penye mstari unaosema aliyepima. Miaka yote ile mstari huo ulijazwa na profesa, na Mama Povu aliweka herufi mbili tu pembeni, ndogo, kama anayeomba radhi. Sasa akaishika kalamu, akaandika majina yake yote matatu, lake, la baba yake na la babu yake, kwa herufi kubwa, mpaka mstari ukamwishia na la babu likaingia pambizoni. Mkuu akayasoma kwa sauti, moja baada ya jingine, maabara ikisikiliza.

Mama Povu alisimama wima akiyasikia. Machozi yalimlenga, akayaacha.

Kisha akakusanya neli na bakuli, akazipeleka kwenye sinki, maana vyombo vya jaribio lake hakuwahi kumwachia mtu. Alipogeuka akamkuta mkuu yuko ubavuni pake, mikono ya koti imekunjwa hadi viwikoni.

"Nifundishe kusuuza," mkuu akasema.

Mama Povu akamwekea neli mkononi, akafungua bomba.

"Moja," akahesabu.