Zamu ya Kufa kwenye Patient Mary

Lusekelo hufa mara mbili kwa siku, saa tano na saa nane, na Jumamosi mara tatu. Jumatatu hafi. Ni siku ya usafi.

Kazi hiyo anaifanyia kwenye merikebu iliyofungwa kwa minyororo kando ya mto Thames, mashariki mwa London. Ina milingoti mitatu, mizinga ya mbao iliyopakwa rangi nyeusi, na ni changa kuliko magorofa yanayoitazama. Ilijengwa kwa mfano wa Patient Mary, iliyoondoka hapo karne ya kumi na nane kwenda kutafuta bara la kusini lenye rutuba ambalo halikuwapo. Nahodha alizungukazunguka kwenye maji ya barafu mpaka akathibitisha kwamba halipo, na kwa uthibitisho huo akapandishwa cheo. Alirudi na ramani, mimea iliyokaushwa katikati ya karatasi, na nusu ya mabaharia aliokwenda nao. Leo jina lake lipo kwenye mtaa mmoja, baa mbili, shule ya msingi, na ndege fulani wa visiwani ambaye hayupo tena, kwa sababu mabaharia walimwona mtamu.

Ile nusu nyingine ya mabaharia haikupewa hata baa. Mmoja wao aliitwa Jem. Kumbukumbu za safari zinamtaja mara mbili tu: alipopanda, "mtu mweusi, mtumishi wa nahodha," na alipokufa kwa kiseyeye, ule ugonjwa wa kuvuja damu kwenye fizi. Baada ya hapo zinasema upepo siku hiyo ulikuwa mzuri.

Lusekelo ndiye Jem. Alikuja London kusomea usafirishaji, akahitimu, akagundua kwamba usafirishaji wa Waingereza unakwenda vizuri tu bila yeye. Akafanya kazi kwenye nyumba ya kutunzia wazee huko Lewisham, ambako watu walikufa kweli na hakuna aliyepiga makofi. Ndipo akapata nafasi kwenye merikebu. Mwenye merikebu ni Victor, Mwingereza, zamani mwalimu wa historia, ambaye sehemu ya nahodha huicheza mwenyewe na kofia yake huivua kwa shida. Kwenye usaili aliuliza swali moja: "Unaweza kulala bila kutikisa kope, watoto wakikuchokonoa?"

Aliweza. Ana kipaji. Anapaka fizi juisi ya bitiruti, anatetemeka, anaomba maji, anakata roho katikati ya sentensi. Wanamfunika kitambaa cha tanga na kukishona juu yake, na mshono wa mwisho, kwa desturi ya mabaharia wa zamani, hupitishwa puani kuhakikisha kwamba marehemu hasingizii. Kwa Lusekelo sindano hupita kando tu ya pua, lakini watoto hupapenda sana hapo. Kisha Victor anasoma ule mstari wa upepo, ubao unainuliwa, Jem anateleza nyuma ya mapipa na kuangukia godoro. Spika iliyofichwa kwenye mapipa inatoa mlio wa maji. Chubwi.

Kwao Tukuyu ilijulikana kwamba Lusekelo yuko melini. Huo si uongo. Mama yake alitangaza kanisani, na kanisa, kama ilivyo kawaida ya makanisa, likampandisha cheo kidogokidogo mpaka akabakiza hatua moja awe nahodha. Lusekelo hakukanusha. Mtu hakanushi baraka.

Uongo wenyewe ulikuja mwaka juzi, baba yake, Mzee Ambrose, alipofariki. Ilikuwa wiki ya likizo fupi ya shule na tiketi zote zilishauzwa. Lusekelo alimwomba Victor ruhusa. Victor alisikitika kweli, akamshika bega.

"Pole sana, rafiki yangu. Lakini nani atakufa?"

Hakusema atamfukuza. Alisema tu kwamba mtu mwingine akitafutwa na akajifunza, basi ndiye atakuwa ameshajifunza. Lusekelo akaelewa. Akapiga simu nyumbani.

"Mama, meli iko katikati ya bahari. Hakuna pa kushukia."

Tukuyu jeneza lilisubiri, maana mtoto wa kwanza wa kiume ndiye anayetupa udongo wa kwanza. Wazee walitazamana, wakaona kwamba bahari ni bahari, hailaumiwi na mtu. Binamu akautupa udongo, na saa hiyohiyo Lusekelo alikuwa ameshonwa ndani ya tanga, mbele ya watoto wa likizo na wazazi wao.

Mwaka huu Angel, nesi wa Lewisham na binti wa mdogo wake Mama Lusekelo, alimwalika mama mkubwa wake aje apumzike. Mama akaja na ombi moja.

"Nataka kuiona hiyo meli. Nimekuja kuisamehe."

Lusekelo, anayeishi hapohapo kwa Angel, akasema meli iko kwenye matengenezo. Siku nyingine akasema mvua. Angel akambana jikoni.

"Kaka, kila jioni unarudi hapa unanuka bitiruti. Meli gani ya safari za mbali nahodha wake anarudi na basi?"

"Mimi si nahodha."

"Kwa mama yako ni nahodha. Mwambie."

"Nitamwambia Jumapili."

Jumamosi Mama Lusekelo alivaa kitenge chake kizuri, akajitanda khanga mabegani, akasimama mlangoni na mkoba mkononi. Angel hakuwa na shift, na hakuwa na uongo wa akiba. Alimchukua binti yake mdogo, wakapanda treni wote watatu.

Kwenye gati mama hakutazama milingoti. Alitazama mnyororo. Ulikuwa mnene kama paja la mtoto, umeota ukoga wa kijani mpaka kwenye pete ya chuma iliyochimbiwa kwenye saruji. Akaugusa, akanusa vidole.

"Hii imefungwa tangu lini?"

"Tuingie, mama mkubwa, kuna baridi."

"Nimeuliza, Angel."

"Haijawahi kufunguliwa."

Mama akafuta vidole kwenye khanga, akaingia, akakaa benchi la mbele. Akamwona mwanawe akitetemeka. Akamwona akiomba maji kwa Kiingereza. Angel alimtafsiria sikioni: mtu huyo alikuwepo kweli zamani, mtumishi, alifia baharini, hawajui ametoka wapi wala kwao ni nani. Sindano ikapita puani, watoto wakapiga kelele za furaha. Victor akafungua kitabu, akasoma habari za upepo.

"Anasema nini huyo?"

"Anasema amekufa, na upepo ni mzuri."

Mama Lusekelo akasimama. Akaitoa khanga mabegani, akaifunga kiunoni. Akalia.

Si machozi ya leso. Kwao mwanamke halii peke yake na kwa siri. Analia mpaka kijiji cha pili wajue nani kaondoka. Mikono kichwani, alizunguka sitaha ya Patient Mary akimwita Jem kwa jina, akimuuliza mama yake ni nani na kama amepelekewa habari, akiwasuta watu waliopima upepo na wasimpime mtu. Baba mmoja aliinua simu yake akarekodi tangu mwanzo. Mjukuu akamvuta kitenge.

"Bibi, he gets up after."

"Anasemaje?"

"Anasema ataamka, mama mkubwa."

"Najua ataamka. Huyu wangu ataamka. Na yule mwenyewe?"

Ubao ukainuliwa. Chubwi. Watu wakapiga makofi kuliko siku zote.

Walikutana nyuma ya mapipa, Angel akiwa kando. Lusekelo alikuwa amekaa kwenye godoro, fizi nyekundu, uzi ukining'inia kwenye kola.

"Shikamoo, Mama."

"Marahaba. Baba yako alipokungoja, ulikuwa hapa?"

"Nilikuwa hapa."

"Unafanya hivi?"

"Nafanya hivi."

"Yule Jem alishikwa na maji, angefanyaje. Wewe ulishikwa na nini?"

Lusekelo akaukata ule uzi wa kola.

"Machozi niliyolia ni yake," mama akasema. "Usije ukadhani nimekulilia wewe."

Victor akatokea, kofia mkononi, macho yamelowa. Akaongea kwa Kiingereza, haraka, akimwinamia mama.

"Anasema nini? Na usinidanganye tena," mama akamwambia mwanawe.

"Anakushukuru. Anauliza kama utakuja kulia na kesho. Saa tano na saa nane."

Mama Lusekelo akacheka. Ilikuwa mara ya kwanza tangu ashuke uwanja wa ndege, na Angel anasema afadhali asingecheka.

"Mwambie kwetu msiba haukatiwi tiketi."

Akarudi Tukuyu kabla ya tarehe yake. Kanisani alisimama akaeleza, kwa ufupi, kwamba meli ameiona na imefungwa. Hakuongeza neno, na kwa mara ya kwanza kanisa nalo halikuongeza. Lusekelo anapiga simu kila Jumapili. Inaita mpaka inakata. Angel akipiga, inapokewa.

Yule baba aliyerekodi alimtumia Victor sauti. Victor, ambaye ni muungwana, hakuitumia kabla ya kuuliza. Lusekelo aliomba aisikilize kwanza. Akasikiliza mpaka mwisho, akarudia, kisha akasema sawa, itumike.

Kwa hiyo siku hizi, mshono wa mwisho ukishapita na habari za upepo zikishasomwa, spika ya kwenye mapipa haianzi na maji. Inaanza na mwanamke wa Tukuyu anayemlilia mtu mwingine. Watoto hawachekeshwi tena hapo. Walimu wameandika kusifu. Victor ana malalamiko madogo tu: onyesho la saa nane linachelewa kumalizika, kwa sababu ubao ukishainuliwa na wageni wakishaondoka, Jem anaendelea kulala kwenye godoro, ndani ya tanga, spika ikikirudia kilio, mpaka mtu aende akaizime.